Sanduku tupu: shajara ya filamu ya picha moja

Jumatatu

Naanza hii shajara kwa sababu najijua, nisipoandika mradi utafia kwenye flashi kama ule wa mwaka juzi. Mi ni mtu wa kushuti harusi na sendoff hapa Kigoma, nakaa Mwanga, na hii filamu haina mteja, haina bajeti, ina picha moja tu. Ndio, moja. Dakika tisa, picha moja.

Yenyewe ni kadi ya posta ya zamani, niliikuta ndani ya daftari la hesabu la babu, alikuwa mtu wa reli. Wanaume sita wamesimama mstari mmoja, kila mtu ana sanduku la mbao kichwani, nyuma kuna mlima na kipande cha paa la bati, chini kushoto kuna doa jeusi nadhani ni wino. Pembeni pamechapwa kwa Kiingereza maneno yanayosema Wapagazi, Kigoma, Tanganyika Territory, basi. Mgongoni hamna kitu, hamna stempu, hamna salamu, aliyeinunua hakumtumia mtu yeyote. Nimekaa nayo mwaka mzima nimeibandika juu ya meza na kila anayeingia chumbani lazima aseme neno, na kila mmoja anasema lake afu anasema kwa uhakika, utadhani alikuwepo siku hiyo. Hapo ndo wazo likaja. Siyo filamu ya kuwaambia watu picha inasema nini, ni filamu ya kuwakamata wakati wao wanaisemea.

Jumatano

Mshkaji wangu aliniletea filamu za ajabu ajabu kwenye flashi na maelezo yake, nimezitazama kwenye simu usiku usiku. Nyingine nimelala katikati, siwezi kudanganya. Ila kuna vitu viwili vimenikaa.

Cha kwanza ni kile kisa cha Lev Kuleshov kule Urusi, miaka ya 1918, 1920 huko. Alichukua uso wa muigizaji mmoja, Ivan Mozzhukhin, uso uleule umetulia tu, akaupachika na bakuli la supu, afu na maiti kwenye jeneza, afu na mwanamke, na watazamaji wakamsifia jamaa anavyojua kuigiza njaa, anavyojua kuigiza msiba, anavyojua kutamani, wakati jamaa hajafanya kitu. Kinachonichekesha ni kwamba jaribio lenyewe halipo tena, hatuna mkanda wake, tunasimuliwa tu, na wanaosimulia wenyewe hawalingani kwamba vilipachikwa vitu gani. Yaani mfano unaotajwa kuliko yote kuhusu picha kusema uongo, hata wenyewe picha yake hatuna.

Cha pili ni Mfaransa Chris Marker, filamu yake ya mwaka 1957 kuhusu Siberia. Anaonyesha kipande cha mji wa Yakutsk, basi linapita, watu wanatengeneza barabara, afu anakirudia kilekile mara tatu. Mara ya kwanza msimulizi anaimwagia sifa serikali, mara ya pili anaiponda mpaka basi, mara ya tatu anajaribu kukaa katikati, na hata hiyo ya katikati ukisikiliza vizuri unaona nayo imechagua cha kukwambia na cha kukuficha. Nimeiba hii. Sioni aibu.

Lakini tuseme ukweli, mtu aliyekulia kwenye kibanda umiza hahitaji Mrusi wala Mfaransa kwa hili jambo. Sisi tumekua na muvi za Kichina zimetafsiriwa na dijei, Mchina anaongea dakika nzima na mate yanamtoka, dijei anamaliza na neno moja "nitakukata," afu kwenye kipande cha mama analia juu ya kaburi dijei anatupia utani kuhusu mkopo wa kikoba na kibanda kizima kinakufa kwa kicheko. Kaburi ni lilelile, mama ni yuleyule. Tulikuwa tunajua siku nyingi kwamba mwenye maiki ndo mwenye picha, sema hatukuwahi kukaa chini tukajiuliza.

Ijumaa mpaka Jumapili

Mtoto wa mama mdogo ana kibanda umiza Ujiji, benchi kadhaa, tivii moja kubwa, spika mbili na moja inakoroma. Nikamuomba dakika tatu kabla ya mechi, siku tatu mfululizo, akakubali kwa sharti nisiitaje kama sanaa maana watu watadai hela yao. Tukakubaliana tuseme tangazo.

Ijumaa nikaweka kadi kwenye skrini, imetulia tuli, chini yake zeze na sauti ya mtu anahema taratibu. Ikaisha, nikasimama nikauliza jamani mmeona nini. "Wametekwa hao." "Angalia macho, wamekata tamaa kabisa." Dada mmoja anayeuza karanga pale mlangoni akasema yule wa pili kutoka kulia machozi yanamlenga. Nikaandika kila kitu kwenye simu, sikubisha.

Jumamosi kadi ileile, saizi ileile, mwanga uleule, chini nikaweka makelele ya mwaloni Kibirizi niliyorekodi asubuhi, maboti yanashusha, watu wanataniana, mtu anagombania mia tano yake. Watu wengi walikuwa wengine maana mechi ilikuwa nyingine. "Vibarua hao wanasubiri kulipwa." "Wamejipanga kwa mbwembwe ona, wanajua wanapigwa picha." Jamaa mmoja akasema kuna mtu anacheka pale. Nikamwambia nionyeshe kwa kidole. Akaja mpaka mbele, akagusa kioo, yule wa pili kutoka kulia. Wa machozi wa jana.

Hapo nilitaka kuruka juu nikajikaza.

Jumapili nikaweka kimya, hamna sauti kabisa, na hii ndo ilinifundisha zaidi ingawa ndo niliyoitegemea kidogo. Nusu dakika ya kwanza watu walidhani spika imekufa, binamu mwenyewe akasahau akaenda kutikisa waya. Dakika ya pili wakaanza kuongea wao kwa wao, sio na mimi, na ndo nikasikia mtu wa nyuma anatamka kama anayetoa hukumu, "masanduku ya Liemba hayo," yaani ile meli yetu kongwe ya ziwani, na watu wote eeeh, kweli, ya Liemba, na ndani ya sekunde tano kadi yangu ikawa imeshapata maana yake na hamna aliyebaki na swali. Isipokuwa dogo mmoja, wa la tano hivi, alikuwa amekaa chini mbele kabisa ambako shingo inauma, akauliza, "Na huyo mwenye kivuli ni nani?"

Kibanda kizima kikageuka chini kushoto. Doa langu la wino lina kichwa. Lina miguu mitatu, yaani stendi, na pembeni ya stendi bega la mtu. Mwaka mzima iko juu ya meza yangu jamani, na mi ndo mtu wa kamera.

Jumanne

Leo nimepeleka kadi kuskani steshenari moja pale mjini, nikamwambia kaka weka juu mwisho wa uwezo wa mashine. Nilishakuwa na mpango mzuri sana kichwani, filamu ianze kwa mbali afu kamera isogee polepole, polepole, mpaka machoni pa yule wa pili kutoka kulia, tumuone kama analia au anacheka, na pale ndo tumalizie. Si ndo wanavyofanya kwenye dokumentari zote, picha ya zamani, kinanda, kamera inasogea jichoni.

Nimefungua faili nyumbani. Hamna jicho.

Kadi imechapwa kiwandani kwa nukta, kama picha za magazeti ya zamani, nukta kubwa penye giza na nukta ndogo penye mwanga, na kwa umbali wa mkono ubongo wako unaziunga zinakuwa mtu. Ukivuta karibu uso wote wa yule jamaa una nukta za kuhesabika, nimezihesabu, jicho la kushoto ni nukta nne. Nne. Skana ikiwa na nguvu zaidi haikupi jicho, inakupa nukta zilezile kubwa zaidi, na karatasi katikati yake unaona hadi nyuzi. Sasa yule dada wa karanga aliona machozi wapi? Na yule jamaa kicheko alikiona kwenye nukta ipi? Sio kwamba walinidanganya, waliona kweli, nina uhakika waliona. Zeze ndo lililolia, kadi ikasingiziwa.

Nimekaa na hili mpaka saa saba usiku. Mpango wa kusogea mpaka machoni umekufa, ila nimepata bora zaidi, tutasogea, tutasogea, na badala ya kufika kwenye uso tutafika kwenye wino, na tubaki hapo dakika nne huku tunasikia zile sauti za kibandani zikibishana kama analia au anacheka, na kwenye skrini ni nukta nne tu.

Nimejitengenezea stendi kwa mbao na raba za baiskeli, simu inaangalia chini, na lensi ndogo ya kukuza nimeibana na klipu, napiga kadi kipande kwa kipande. Kuna wawili wa Italia, Yervant Gianikian na Angela Ricci Lucchi, walijiundia mashine yao ya kupiga upya mikanda ya zamani fremu kwa fremu, wakiipunguza mwendo, wakiipaka rangi, na mwaka 1986 wakatoa filamu ndefu iliyotoka kwenye mikanda ya mtu mwingine aliyeishi kabla yao. Wao walikuwa na mashine, mi nina raba za baiskeli. Inatikisika bodaboda ikipita nje.

Alhamisi

Hii ya Liemba ilikuwa inanikera kwa hiyo nikaifuatilia, maana Kigoma ukishasema Liemba mjadala umefungwa.

Meli yenyewe ilijengwa Papenburg, Ujerumani, mwaka 1913 ikiitwa Graf von Goetzen, ikafunguliwa vipande, ikapakiwa kwenye masanduku kama 5,000, ikaja mpaka Dar afu ikapanda reli. Reli yenyewe ilifika Kigoma mwaka 1914. Ikaungwa hapa, ikaingia majini Februari 1915, vita vikawageukia Wajerumani wakaizamisha wenyewe Julai 1916, Waingereza wakaja kuiibua mwaka 1924 na mwaka 1927 ikarudi kazini kwa jina la Liemba. Kwa hiyo masanduku yapo kweli kwenye historia, siyo uzushi, ndo maana watu wa kibandani waliitika wote.

Tatizo ni maandishi ya pembeni. Tanganyika Territory ni jina walilolileta Waingereza, mwaka 1920. Kadi haiwezi kuwa imechapwa 1914. Sawa, unaweza kuniambia picha ilipigwa zamani afu ikaandikwa jina jipya baadae, watengeneza kadi walikuwa na huo mchezo, sikatai, ila mpaka hapo hamna kitu hata kimoja ndani ya picha kinachosema Liemba. Miaka hiyo bandari hii ilikuwa inapitisha mizigo ya kila aina, Wabelgiji wenyewe walikuwa na eneo lao hapa Kigoma kwa ajili ya mizigo ya Kongo. Sanduku la sabuni na sanduku la boriti ya meli kwa nukta ni sanduku tu.

Nilimpigia binamu kumwambia, akanijibu, "sasa kwani ungewaacha na Liemba yao ungepungukiwa nini?" Sikuwa na jibu la haraka. Ila nimegundua kitu, sisi watu wa hapa tuna picha chache sana maarufu, kwa hiyo kila picha isiyo na mwenyewe tunaipeleka kwa hao maarufu. Ujiji ndo usiseme, ile picha ya Stanley anavua kofia mbele ya Livingstone, mwaka 1871, nimekutana na watu wazima wanaoamini ni ya kamera. Ni mchoro, umo kwenye kitabu cha Stanley mwenyewe cha 1872. Hata wale watu wa Ujiji waliochorwa pembeni wakishangaa, kushangaa kwao ni kwa mchoraji.

Jumamosi

Leo ni leo.

Ujiji kuna mzee jirani na binamu, alikuwa kuli wa bandari miaka mingi, mikono yake ukishikana nayo unajiona umeshika gome. Nilienda bila laptopu, na kadi tu kwenye bahasha.

"Shikamoo babu."

"Marahaba mjukuu wangu. Kaa hapo, kiti hicho kibovu, kaa mkekani."

Nikampa kadi. Hakuvaa miwani, aliishika mbali kwa urefu wa mkono, akaitazama kidogo tu, sio hata dakika, akanirudishia.

"Hawa hawajabeba."

"Hawajabeba vipi babu, si hayo masanduku?"

"Wamewekewa. Kuwekewa na kubeba ni vitu viwili." Akaichukua tena. "Ngata iko wapi, kile kitambaa cha kukunja cha kuwekea mzigo kichwani? Sanduku la mbao lina kona, linakaa kwenye utosi bila ngata, hata hatua kumi hufiki. Mtu wa mzigo anaweza kusahau shati, ngata hasahau. Na shingo hizi ni za mtu anayesubiri chai. Masanduku matupu haya." Afu akanyamaza, akasogeza kidole kwa wa tatu kutoka kushoto, kidole chake kikamfunika mtu mzima. "Ila huyu ana ngata. Huyu wa tatu ndo mwenzetu."

Nimefika nyumbani nikafungua faili kabla hata ya kuvua viatu. Vichwa vitano, sanduku limekaa moja kwa moja juu ya nywele. Kichwa cha tatu, katikati ya nywele na mbao kuna mstari mweusi mnene, nukta zimebanana. Ngata. Na mimi nimempiga huyo mtu lensi ya kukuza wiki nzima, nilikuwa natafuta macho.

Hii imenikumbusha filamu ya Harun Farocki ya mwaka 1988, imo kwenye ileile flashi, inasimulia picha iliyopigwa kutoka ndegeni tarehe 4 Aprili 1944 juu ya kiwanda karibu na Auschwitz. Wachambuzi waliangalia kiwanda wakaandika kiwanda. Kambi ya mauaji ya Wanazi ipo kwenye picha hizohizo, inaonekana, na hawakuitambua maana sio walichotumwa kutafuta, mpaka mwishoni mwa miaka ya 1970 wafanyakazi wawili wa CIA walipozitoa tena. Silinganishi mambo, hayalinganiki. Nasema tu kuhusu kutumwa, mi nilijituma machoni.

Mwanzoni nikadhani labda waliwekewa matupu kwa sababu kamera za zamani zilikuwa zinachelewa, lazima mtu asitikisike. Lakini kufikia miaka ya 1920 kamera ilikuwa inaweza kupiga kwa sehemu ndogo ya sekunde, hiyo sababu haitoshi. Mtu mwenye kile kivuli alitaka wapagazi sita afu pale penye mzigo alikuta mmoja? Ndo ninachowaza. Kuwaza sio kujua, naliandika hapa ili nisije nikaliingiza kwenye filamu kama ukweli.

Jumatatu

Umeme ulikatika nikiwa katikati ya kusevu. Siku mbili za kukata sauti zimeenda. Sina la kuongeza.

Jumatano

Kibirizi, saa kumi na mbili asubuhi. Nilitaka kupima maneno ya babu kwa kamera, nishuti shingo za wabebaji kwa ubavu, wenye mzigo na wasio na mzigo, nione kama macho yangu yanaweza kutofautisha. Madumu ya mawese, magunia, saruji inapakiwa kwenda ng'ambo. Maji yamekula sana ufukwe miaka hii, sehemu niliyokuwa nasimama nikiwa shule sasa ni ziwa, kwa hiyo wanapita kwenye ubao mwembamba na mzigo kichwani afu mi na kistendi changu nawaziba njia. Nilitukanwa kistaarabu.

Kitu kimoja cha haraka: jua la asubuhi linatokea upande wa milima na ziwa liko magharibi, kwa hiyo mpigapicha akisimama mgongo ziwani na mlima mbele yake, asubuhi kivuli chake kitaenda nyuma kwenye maji. Kivuli cha kadi kinaenda mbele, kuelekea kwa watu. Kama ule mlima ni huu wa kwetu, na bandari ndo hii, basi ilikuwa jioni. Watu wa mzigo, jioni, na nguo zinaonekana nyeupe. Haya.

Jambo lenyewe la leo ni kijana mmoja niliyemshuti na gunia la dagaa. Alipotua akaja, "kaka, umenipiga?" nikasema ndio, nikamuonyesha kadi nikamwelezea mradi. Akaisoma yale maandishi, akauliza Kiingereza chake maana yake nini, nikamwambia wapagazi. Akacheka.

"Na mi utaniandika hivyo?"

"Nikuandikeje?"

"Mi fundi seremala. Leo nimekuja tu kutafuta hela ya gundi na msasa, kuna kitanda cha watu kimekwama. Kesho hunikuti hapa. Sasa hiyo picha yako itakaa, mtu atakuja kuiona huko mbele, atasema huyu alikuwa mbebaji, maisha yake yote gunia."

Nimesimama na kamera kama mjinga. Kwa sababu siku zote hizi nimekuwa nikiuliza kama wale sita walikuwa na huzuni, kama walikuwa na furaha, kama masanduku ni matupu, ila neno wapagazi lenyewe sijawahi kuligusa. Nilililia pole, nikalichekea, nikalipima kwa mwaka, na muda wote nimelikubali. Wale watano wasio na ngata wanaweza kuwa wapishi, makarani, watu waliopita zao wakaitwa njoo simama hapa. Na yule wa tatu anaweza kuwa seremala pia.

Anataka jina lake liandikwe kwenye filamu, kubwa, na chini yake fundi seremala. Nitaandika. Hapa sitaliandika, alisema kwenye filamu.

Ijumaa

Nimemuonyesha mwalimu mmoja wa historia, rafiki yangu, kipande cha dakika sita. Hakupenda. Nimekasirika kama saa mbili, afu nikaona ana pointi.

Alisema hivi, ukimaliza kumuonyesha mtu kwamba masanduku ni matupu na watu wamepangwa, anatoka pale akiamini upagazi wenyewe ulikuwa maigizo. Na haukuwa. Kodi ya nyumba ilianza kwa Mjerumani na Mwingereza akaendelea nayo, mtu asiye na hela analipa kwa mgongo, na vita vya kwanza vilikusanya watu kubeba mizigo ya majeshi mpaka wakafa makumi ya maelfu, kwa njaa na magonjwa zaidi ya risasi. "Kwa hiyo yule dada wa karanga," akaniambia, "alikosea kadi, hakukosea enzi."

Alikosea kadi, hakukosea enzi. Hii sentensi imenivurugia mpangilio wote maana kwenye kipande changu nilikuwa nimemkata yule dada kwa namna ambayo watu watamcheka, sauti yake inasema machozi na hapohapo nakurushia nukta. Nimeitoa hiyo. Sauti yake sasa inakuja peke yake kwenye mgongo wa kadi, ule upande mtupu usio na stempu, anasema alichoona na hamna anayemjibu.

Kwenye filamu kwa hiyo sasa hivi: mgongo wa kadi kwanza, mrefu kuliko mtu anavyovumilia. Afu nukta, bila kujua ni nukta za nini. Afu tunarudi nyuma badala ya kusogea mbele, yaani kinyume cha mpango wa mwanzo, mpaka watu sita wanatokea, na wakati huo mtazamaji ameshasikia vitu vingi sana kuwahusu kabla hajawaona. Kivuli tunakiacha cha mwisho. Ngata inatajwa na babu, sisogei kuionyesha, anayetaka aitafute mwenyewe. Sina uhakika na hapa. Binamu anasema watu watarusha chupa.

Jumapili

Nilimlipa fundi anitengenezee sanduku, kwa kukadiria vipimo vya kadi dhidi ya vichwa vya wale watu. Mabaki ya mninga, misumari, hamna rangi. Jana kalileta kwa baiskeli, nikalipokea kwa mkono mmoja nikidhani ni tupu, nusura linivunje kidole cha mguu.

"Si ulisema tupu?" nikamwambia.

"Tupu ndio. Mbao hiyo kaka."

Leo jioni nimelibeba. Bila ngata, utosi mtupu, kutoka mlangoni mpaka kwenye mwembe na kurudi, binamu anashuti kwa ubavu na jua liko nyuma yake. Hatua ya sita kona ilishaanza kula kichwa, ya kumi na mbili macho yakatoka maji, nilipotua sikuweza kugeuza shingo, na mpaka saa hii naandika nimeweka kitambaa cha maji ya baridi.

Afu nikaangalia klipu. Shingo imenyooka. Mabega yametulia, mdomo umefumba, mtu anayesubiri chai. Nimesimamisha fremu nikaibandika pembeni ya kadi na nimeziangalia hizo mbili zaidi ya saa nzima.

Kesho naenda Ujiji kwa babu na hiyo fremu. Na sanduku nalipakia kwenye bajaji, alibebe yeye kwa mikono yake aone uzito, afu nimuulize tena.